Mgongo wa Cheruiyot

Pua ya Patroba Shikanga ilivunjwa kwanza na walinzi wa kiwanda cha sukari, ikaja kuvunjwa tena na polisi, na ilipofika zamu ya raia wa kawaida haikuwa imebaki pua ya kuvunja, kwa hiyo wakamvunja mbavu. Hakuwa mwizi, wala hakuwa mtu wa kuandamana na wake za watu. Alikuwa mpiga picha za video mjini Kakamega, na kazi aliyojichagulia ilikuwa kuwaonyesha wananchi mambo ambayo wakubwa walitaka yasahaulike. Huo ndio upande wake mzuri, na waliompenda walimpenda kwa huo. Upande wa pili tutaufikia, maana ndio ulioua mtu.

Kamera yake ilikuwa kubwa, ya kubebwa begani kama mtoto mgonjwa. Aliachiwa na padri mmoja Mholanzi aliyekuwa akirudi kwao kuzeeka. Kwanza Patroba aliitumia kwa harusi na matanga, na humo ndimo alimojifunzia yote aliyoyajua. Aligundua kwamba watu wa kwetu wakiitazama video ya harusi hawasikilizi wimbo wala hotuba ya mchungaji. Wanatajana. Sebule nzima inapiga kelele, kila mtu na kidole hewani.

"Rudisha hapo! Si huyo ni Osiako?"

"Ndiye! Angalia vile anakulanga ingokho, kuku mzima, na hakutoa hata sahani ya zawadi!"

Hata mtu aliyepita mbele ya kamera amegeuza mgongo, walimtambua kwa visigino, kwa shingo, kwa namna anavyotupa mkono akitembea. Patroba alicheka sana na jambo hilo. Alimwambia mkewe, Selpher, "Mama Rachael, hawa watu hawahitaji uso. Wape kisigino tu, watakutajia na babu yake."

Selpher alikuwa akiuza vitambaa sokoni, na ulimi wake ulikuwa mkali kuliko mkasi wake. Akamjibu kwamba mtu wa kupewa visigino ni fundi viatu. Kumbe neno la mumewe alilihifadhi.

Mwaka wa tisini na moja wakataji miwa wa kiwanda kimoja, ambacho tusikitaje, waligoma kwa sababu malipo yao yalikuwa yamekwama tangu mvua za nyuma. Patroba alikuwa ng'ambo ya barabara akirekodi mazishi ya mwalimu mmoja. Aliposikia mayowe aliiacha maiti ya watu ikisubiri udongo, akakimbia na kamera. Akawakuta walinzi wamewazingira wakataji ndani ya shamba lililochomwa tayari kwa kukatwa, majivu yakiruka, rungu zikipanda na kushuka. Kijana mmoja aitwaye Wekesa aliinua mikono juu kuonyesha kwamba ameacha panga. Rungu ikamshukia utosini. Aliketi chini polepole, kama mtu anayetafuta kigoda, na hakuinuka tena. Walinzi wakamrusha juu ya trela la miwa. Mmoja wao akaiona kamera, na ndiye aliyekuwa wa kwanza kuivunja ile pua. Patroba alikimbia damu ikimwingia mdomoni, ila kanda hakuiacha.

Kanda hiyo aliionyesha Lubao siku ya mnada wa ng'ombe, mchana kweupe, ndani ya ghala la ngozi ambalo madirisha yake aliyaziba kwa magunia. Alikuwa na televisheni, deki, na jenereta iliyonguruma nje kama fahali anayeumwa kifua. Hakusema neno lolote ndani ya kanda. Alisimama kando ya televisheni, akaisimamisha picha kwenye uso wa mlinzi aliyeshika rungu, akawauliza watu, "Huyu ni nani?"

Ghala zima likalipuka. "Chrispinus! Chrispinus wa nyuma ya kinu cha posho!"

Jioni hiyo nyumba ya Chrispinus ilipigwa mawe hadi mabati yakawa kama chujio, na mwenyewe akahama na godoro kichwani. Patroba aliposikia alifurahi waziwazi. Alikula obusuma, ugali wa kwao, kwa mikono miwili. Na polisi walipomchukua na kumlaza kwenye sakafu yenye maji, wakimuuliza nani aliyetaja majina ya watu, alikuwa na jibu tayari.

"Mimi sijataja mtu, afande. Sikiliza kanda yote. Kuna sauti yangu hapo?"

Hakukuwa na sauti yake. Walimvunjia pua mara ya pili kwa hasira ya kukosa kosa, wakamwachilia. Kuanzia hapo akapewa jina: Huyu-ni-Nani. Watoto walimwita hivyo barabarani. Akawa anazunguka masokoni na jenereta lake. Leo anaonyesha chifu akinyang'anya wajane mahindi, kesho anaonyesha vijana wa siasa wakimpiga mzee aliyevaa beji ya chama kisichotakiwa. Haikupita sinema moja bila mtu kutandikwa. Aliyetajwa alipigwa, au Patroba alipigwa na ndugu za aliyetajwa. Na kwa kuwa deki ndiyo iliyofanya kazi ya kuonyesha, kamera ilibaki bure, basi akawa anaielekeza kwa watazamaji na kuwarekodi wakitaja, ili apate sinema nyingine. Mtu alikuwa akila ng'ombe na kwato zake.

"Baba Rachael," Selpher alimwambia siku moja akimkanda uso kwa maji ya chumvi, "wewe unawashanga moto kisha unasema ni upepo."

"Mimi nauliza swali tu."

"Haya. Uliza."

Mwanzoni mwa mwaka wa tisini na mbili vita vya mashamba vikafika Lugari. Huko ndiko alikoishi Jescah, shangazi yake Selpher na kwa hiyo mama mkwe wa Patroba, mjane aliyebaki na shamba la mahindi ambalo mumewe alipata pale wazungu walipoondoka na mashamba yao yakakatwa vipande. Waluhya na Wakalenjin walikuwa wamelima wakipakana huko miaka yote, wakiazimana majembe na madume ya ng'ombe. Sasa watu walisema kuna vijana wanaoletwa kwa malori, wamepakwa masizi usoni, na wakipita mahali hubaki majivu. Selpher alimtuma mumewe amlete shangazi Kakamega. Patroba alienda, na tuseme ukweli, hakwenda kwa ajili ya mama mkwe peke yake. Kamera aliibeba.

Jescah alikataa kuondoka kabla ya kupukuchua mahindi yaliyokuwa ghalani. "Hao vijana wakikuja watanikuta nikifanya kazi," alisema. Patroba akalazimika kulala huko. Na kwa kuwa mkwe halali katika nyumba ya mama mkwe, hata vita viwepo, alitandikiwa kwenye kibanda cha wavulana, pale chini karibu na lango, ambacho wavulana wenyewe walikuwa wamekiacha walipooa. Adabu hiyo ndiyo iliyomwokoa.

Walikuja alfajiri wakati ng'ombe wanaanza kulia kutaka kukamuliwa. Jirani wa kwanza, Sylvanus, alitoka na ndoo ya maziwa, mshale ukampata shingoni. Alijaribu kuuchomoa akiwa bado amesimama, na maziwa na damu vikachanganyika miguuni pake. Mbwa wake waliuawa kwa mapanga. Kisha wakaingia kwa Jescah. Wakafunga mlango wake kwa nje kwa waya, wakamwaga petroli kwenye nyasi za paa, wakawasha, wakasimama wakicheka hadi paa liliposhika vizuri.

Na Patroba, shujaa wa Lubao, alikuwa wapi? Chini ya kitanda. Kamera ilikuwa ikifanya kazi, naam, lakini ilitazama sakafu ya udongo. Ilichokamata ni mayowe, kicheko, na vidole vyake mwenyewe vikikwaruza udongo.

Aliposikia wameelekea boma lililofuata, alitambaa hadi mlangoni akachungulia. Nyumba ilikuwa inawaka na mama mkwe akipiga kelele ndani. Hapo ndipo mtu mmoja alipotokea akikimbia kutoka kwenye mabua, panga mkononi, amevaa koti kuukuu la kijani lililochanika begani. Patroba aliinua kamera. Mtu yule, mgongo ukiwa umeielekea kamera, akaanza kuukatakata ukuta wa kando kwa panga, kwa nguvu kama mwenda wazimu, udongo na fito zikiruka, moshi ukimmeza na kumtapika. Ukuta ukatoboka. Akaingiza mikono, akamshika mama mzee, akamburura nje, nguo yake ikiwaka, naye akilia na kujitupa. Kisha akamvika koti lake kuzima moto, akambeba hadi kwenye hori la ng'ombe, akammwagia maji kwa mikono miwili, akilia yeye mwenyewe na kuita, "Kogo, usilale! Kogo, angalia mimi!"

Kogo kwao ni bibi. Alikuwa Cheruiyot, jirani wa mpaka mmoja na Jescah, ambaye Patroba alikuwa ameonyeshwa kwa mbali jana yake. Patroba alirekodi yote. Kisha filimbi ikalia bondeni, na badala ya kwenda kumsaidia mtu yule kubeba, akatoroka kwa njia ya mtoni na kanda kifuani. Ni Cheruiyot aliyemlaza Jescah kwenye mkokoteni na kumfikisha kwenye zahanati, akipita njiani kati ya watu wa kabila lake waliomtemea mate. Baadaye Jescah alichukuliwa na bintiye anayekaa Butali, mikono yake yote miwili imeiva kwa moto, na majirani waliokimbia hawakujua kama yu hai. Cheruiyot akabaki akimlindia shamba. Alimlimia na kumpandia, ili akirudi akute chakula.

Patroba alikaa na kanda hiyo miezi mingi. Alikuwa na sinema kubwa kichwani: malori, petroli, wakubwa waliotuma vijana. Alizungumza na waliokimbia, akarekodi majivu na makaburi. Lakini hakuwa na vita vyenyewe. Vita vyenyewe alivipa kisogo akiwa chini ya kitanda. Ila ile picha ya mwanamume na panga mbele ya moto, akimburura mwanamke mzee, ilikuwa picha ambayo hakuwahi kupata nyingine kama hiyo maishani. Aliunganisha deki mbili mezani, akawa anakata. Akaanzia kwenye panga. Akamalizia pale mama alipokuwa chini, akilia. Hapo akakata.

Selpher alikuwa amesimama nyuma yake na bakuli la mboga.

"Na ile ya maji umeweka wapi?"

"Iko kwa kanda ya mwanzo. Haijapotea."

"Nimeuliza umeweka wapi."

"Mama Rachael, hii sinema si ya huyo mtu. Ni ya wale waliotuma malori. Watu wakiona maji watapoa. Mimi sitaki wapoe, kura ziko karibu."

"Huyo mtu alitoa senge, shangazi yangu, kwa moto."

"Uso wake hauonekani! Ni mgongo tu. Nani atamjua?"

Selpher aliweka bakuli juu ya deki, jambo alilokatazwa siku zote. "Wewe ndiye uliniambianga watu wetu hawahitaji uso," alisema. "Ulisema uwape kisigino."

Patroba alikasirika kwa sababu alijua. Mtu asiyejua hakasiriki hivyo. Aliliondoa bakuli, akaendelea kukata.

Sinema hiyo ilionyeshwa Lumakanda, kule kule Lugari, mwezi wa Novemba, siku ya soko, ndani ya ghala la mahindi. Waliojaa humo wengi walikuwa watu waliochomewa nyumba, wanaolala kwenye varanda za maduka. Vijana walikuwa mbele, na mbele ya vijana alikuwa Makhanu, mwana wa yule Sylvanus aliyeuawa akiwa na ndoo mkononi. Tangu siku hiyo Makhanu hakuwa akilala wala kunyoa. Patroba aliwasha deki, akaielekeza kamera kwa watazamaji kama kawaida yake.

Malori hayakuwagusa sana. Makaburi yaliwaliza. Kisha moto ukatokea kwenye kioo, na mtu wa panga. Mama mzee akaburutwa. Mwanamke mmoja akaanza kupiga mayowe ya kilio cha msiba.

Patroba angeweza kuacha picha ipite. Alikuwa hajapanga kuisimamisha hapo. Hivyo ndivyo alivyoapa baadaye. Lakini mkono una mazoea yake, na mdomo vilevile. Alibonyeza, picha ikasimama, na akasikia sauti yake ikiuliza kama ilivyouliza masokoni kote, "Huyu ni nani?"

Hawakuchukua muda.

"Ile koti!" mtu alisema. "Ile koti ya kijani naijua."

"Na bega anavyolilaza. Huyo ni Cheruiyot!"

"Cheruiyot gani?"

"Wa kupakana na mama Jescah! Si yeye analimanga shamba lake saa hii? Amevuna hata mahindi yake!"

"Kumbe alimuua ili achukue shamba!"

"Ngojeni," Patroba alisema. "Ngojeni, wazee. Kuna ingine. Picha haijaisha."

Nani wa kumsikia? Makhanu alikuwa amekwisha kusimama. Hakupiga kelele. Alisema tu, "Baba yangu na yeye walikuwa wakikunywa busaa mrija mmoja," akatoka, na mlango ukawa mdogo kwa watu waliomfuata. Mapanga hayakuwa mbali, ulikuwa msimu wa kukata mabua. Televisheni iliangushwa; kamera ikabaki kwenye kona, na Selpher ndiye aliyekuja kuichukua baadaye. Patroba alirukia dirishani, akapasua gunia, akakimbia.

Alikimbia kama hajawahi kukimbia na kanda yoyote. Alikata kwa njia ya mkato kupitia mashamba, mabua yakimchapa uso, kelele za watu zikimfuata nyuma. Alimkuta Cheruiyot katikati ya shamba la Jescah akiegemeza mabua, amevaa koti lile lile. Alikuwa mtu mfupi, wa makamo, mwenye macho ya upole, na alikuwa hajawahi kumwona Patroba hata siku moja.

"Kimbia!" Patroba alitaka kusema, lakini pumzi zilikuwa zimeisha, alianguka magotini akishika suruali ya mtu huyo.

Cheruiyot aliangalia. Aliona mwanamume aliyechanika shati anakimbizwa na umati wenye mapanga, na akaelewa kama ambavyo mtu yeyote angeelewa. Akamwinua, akamweka nyuma yake, akatandaza mikono.

"Wacheni mtu!" aliwaambia. "Amefanya nini? Kama ameiba mpelekeni kwa chifu. Hii nchi imechoka na damu, vijana. Makhanu, ni wewe? Ambia wao waache."

Panga la kwanza lilikuwa la Makhanu. Lilimpata kwenye mkono ule aliokuwa ameutandaza. Cheruiyot aliutazama mkono kwa mshangao, kama mtu aliyeitwa kwa jina lisilo lake, akauliza, "Makhanu, mimi?" Halafu wengine wakafika.

Patroba aliwarukia. Aliuma, alipiga mateke, alilia, "Si yeye! Ndiye alimwokoa! Alimmwagia maji! Iko kwa kanda ingine!"

"Kanda iko wapi?" mmoja aliuliza, na aliuliza kweli, kwa sekunde moja alikuwa tayari kuona.

"Nyumbani. Kakamega."

Walicheka. Kakamega kwa gari ni safari ndefu, na panga halina safari. "Wewe mwenyewe umetuonyesha," Makhanu alisema akihema, uso umelowa. "Tumeona kwa macho yetu. Sasa umelipwa na nani?" Wakamgeuzia rungu. Mbavu zilipovunjika alizisikia kwa masikio. Alianguka uso wake ukielekea uso wa Cheruiyot, karibu sana, na Cheruiyot alikuwa bado anapumua. Midomo yake ilikuwa inaomba maji. Patroba alijaribu kutambaa kwenda mahali palipokuwa na kibuyu cha maji, mikono ikakataa. Cheruiyot alikufa akiwa anamtazama, na hakujua kamwe mtu huyo alikuwa nani.

Polisi walikuja mahindi yakiwa yamekanyagwa. Walikamata wawili, wakawaachilia kwa sababu hakuna aliyeona kitu. Soko zima lilikuwa limeona, lakini soko zima halikuona. Usiku uliofuata watu wa Cheruiyot walilipiza, nyumba zikawaka ng'ambo ya mto, na mtoto wa mtu fulani akafa, ambaye hakuwahi kuiona video yoyote.

Patroba alilala hospitalini akikojoa damu. Selpher alimlisha, akamwogesha, na hakumwambia neno la "nilikuambia." Hilo lilimuuma kuliko rungu. Kisha Jescah akaja kutoka Butali. Aliketi kwenye kigoda, mikono yake ya makovu ikiwa mapajani, ngozi imekunjamana kama maziwa yaliyochemka.

"Mulembe, mkwe," alisema.

"Mulembe, mama."

"Wanasema moto ukiwaka wewe ulikuwa bado kwa kile kibanda. Siku ile."

"Nilikuwa, mama."

"Uliniona nikitolewa."

"Nilikuona."

Mama mzee alitazama mikono yake. Hakulia. Alikuwa amekwisha kulia kwa Chepkorir, mjane wa Cheruiyot, alikokwenda kwanza kwa miguu yake, wanaume wa huko wakitaka kumpiga na Chepkorir akiwakataza. "Yule mama amenipatia neno nikuletee," alisema. "Anasema uonyeshe yote. Pale pale. Kwa wale wale. Na yeye atakuja."

"Wataniua, mama."

"Labda," Jescah alisema, akainuka kwenda kupanda gari.

Kura zilipita. Mwaka ukageuka, mvua za kupanda zikaja. Patroba alipoweza kubeba kamera bila kutema damu, aliazima televisheni, akarudi Lumakanda na Selpher. Aliyaziba madirisha ya ghala lile lile. Watu walikuja, walikuja kwa sababu ya udadisi, na wengine walikuja kwa sababu walikuwa hawalali. Makhanu alikuja akasimama mlangoni, amekonda. Jescah aliingia ameshikana mkono na mwanamke mrefu aliyefunga kitambaa cheusi, na watu walipomtambua Chepkorir walisogea kama waliomwagiwa maji ya moto. Hakuna aliyemsalimu. Aliketi mbele kabisa.

Patroba aliwasha. Ukatokea moto. Likatokea panga. Mama mzee akaburutwa. Hapo kanda haikukatwa: koti likavuliwa, likamfunika, mtu akambeba mwenzake mgongoni hadi kwenye hori, maji yakamwagwa, na sauti ya mtu aliyekufa ikajaa ghalani, "Kogo, usilale! Kogo, angalia mimi!" Kisha akageuka, na uso wa Cheruiyot ukatazama kamera bila kuiona, machozi yakichora mistari kwenye masizi.

Patroba aliisimamisha picha. Hakuuliza kitu, na wala hakukuwa na haja. Jescah aliinuka, akainua mikono yake yote miwili juu ili waione, akaketi.

Lakini kanda ilikuwa na kipande kingine. Patroba alikiunga mwenyewe, na Selpher alikuwa amesimama nyuma yake akikiunga, na safari hii hakukuwa na ubishi. Kwenye kioo likatokea ghala hili hili, siku ile. Zikatokea nyuso zao. Waliojaa mle ndani wakajiona wakinyoosha vidole, wakajisikia: ile koti, lile bega, huyo ni Cheruiyot. Makhanu akajiona akisimama. Mtu mmoja akaanza kusema, "Zima, tafadhali, zima hiyo kitu," na mwingine akawa ametapika pembeni. Hakuna aliyetaja jina la mtu. Ilikuwa mara ya kwanza katika maisha ya Patroba kuonyesha nyuso kwa watu wa kwetu zisitajwe.

Chepkorir alitazama hadi mwisho. Kisha akasema, bila kuinua sauti, "Rudisha nyuma kidogo."

Patroba akarudisha.

"Hapo. Kabla ya hawa kusema. Kuna mtu anauliza."

Kanda ikacheza. *Huyu ni nani?* ilisema sauti, safi, ya kusisimka kidogo, sauti ya mtu anayeipenda kazi yake.

"Hawa nawajua," Chepkorir alisema. "Wamekula kwangu. Makhanu nilimbeba akiwa mtoto. Lakini hiyo sauti siijui. Ni ya nani?"

Ghala zima likageuka kumtazama Patroba. Huko nyuma kwa polisi, kwenye maji, kwenye damu, alikuwa ameponea kwa jambo moja: kanda haina sauti yangu. Selpher aliangalia chini.

"Ni yangu, mama," Patroba alisema. "Mimi ni Patroba Shikanga. Niliwauliza huyu ni nani, na nilikuwa namjua."

Chepkorir aliinuka. Kisha akanyoosha mkono. Patroba aliitoa kanda kwenye deki, ikiwa bado na joto, akampa, pamoja na nyuso zote zilizokuwa ndani yake na sauti yake mwenyewe, aende nayo kokote atakakotaka kuipeleka. Makhanu alikuwa ameketi kizingitini, na ilibidi Chepkorir amguse bega ili apate njia ya kutoka.